Mpaka uko kwenye mzizi wa ukucha

Mzee alipitisha shilingi elfu sitini kwenye kidirisha, zikiwa zimekunjwa na kukunjwa tena, akasubiri nizihesabu. Uwakala wa pesa za simu una mambo yake: mteja hakuoni uso vizuri, anaona mikono. Kidirisha chetu hapa Moshi, karibu na Soko la Mbuyuni, kina wavu juu na ubao chini, na katikati panapita vidole na noti tu. Siku hiyo kucha zangu zilikuwa rangi ya machungwa kuanzia mzizini, zikikolea taratibu hadi nyekundu nzito, ile iitwayo damu ya mzee, kwenye ncha.

"Binti, hii ya machungwa inaishia wapi?"

"Inaishia katikati, babu."

Akavua miwani, akaifuta, akaivaa. "Hapo katikati mimi sioni mpaka wowote." Kisha akachukua kalamu yangu ya daftari la miamala, akaigusisha kwenye kidole gumba changu, pale rangi inapokutana na ngozi. "Mpaka ninaouona ni huu."

Ujumbe ukaingia kwenye simu yake, akaaga, akaondoka.

Nikabaki naangalia kidole gumba.

Tangu siku ile nimepaka, nimefuta, nimepaka tena, na ile kalamu bado naiona. Mzee hakunitukana, wala hakusema kucha ni mbaya. Ila mimi ninapozungumzia ombre, yaani rangi moja kuyeyukia kwenye nyingine, huwa nazungumzia katikati: vipi machungwa yaingie kwenye nyekundu bila kuacha mstari. Jioni nyingi nimeinama mezani napigana na mstari wa katikati, na mteja mmoja mwenye miwani anakuja kunionyesha kwamba mstari ulio wazi kuliko yote uko sehemu ambayo sijawahi hata kuifikiria.

## Mezani kwangu

Kufuta rangi ya zamani, kupiga tupa, kusukuma ngozi ya mzizini, hayo mnayajua. Nianzie kwenye sponji.

Natumia sponji ya kupakia poda, ile laini yenye vitundu visivyoonekana kirahisi, naikata vipande vyenye upana wa ukucha. Nailowesha kidogo kwa maji halafu naikamua mpaka inakaribia kuwa kavu, kwa sababu sponji kavu inainywa rangi yote na kukuachia ukungu. Ukucha unakuwa umeshapakwa beskoti, ile angavu ya chini, na tabaka moja la nyeupe. Watu wengi huiruka nyeupe kisha wanalalamika kwamba njano yao imefifia. Rangi za njano na machungwa ni nyepesi, mwanga unapita ndani yake hadi chini. Ukikuta nyeupe unarudi na rangi imeng'aa, ukikuta ukucha mtupu unarudi umechoka.

Halafu kwenye sponji, siyo kwenye ukucha, napaka mistari miwili ya rangi, mmoja umepanda juu ya mwenzake kwa unene wa njiti ya kiberiti. Nagusa ukucha. Nainua moja kwa moja. Nagusa tena, safari hii nimesogea juu kidogo, unywele tu, kisha chini unywele. Hakuna kuburuta hata mara moja. Ukiburuta unapata mistari ya brashi bila kuwa na brashi.

Tabaka la kwanza linatisha. Ukucha unakuwa na madoadoa, viputo vidogo, nyeupe inachungulia katikati ya vitone vya machungwa, na pembeni ngozi imechafuka kana kwamba mtoto ndiye aliyepaka. Hapo ndipo wengi wanachukua rimuva, wafute. Mimi nasubiri likauke, nagusa la pili, nasubiri, nagusa la tatu, na hadi hapo ukucha bado una chengachenga ukiupitisha kidole. Ngozi ya pembeni naikinga kwa gundi nyeupe ya wanafunzi, naipaka mapema, inakauka, na mwishoni naibandua ikiwa imebeba uchafu wote. Mafuta ya mgando nayo yanafanya kazi, lakini tone moja likipanda kwenye ukucha, rangi haishiki hapo hata ubembeleze vipi.

Mwisho ni topkoti, ile angavu ya juu, na ndipo kila kitu kinapotulia.

Kwa nini kinatulia? Hilo nililielewa baadaye, tena kupitia kazi ya mtu ambaye sidhani kama amewahi kushika chupa ya rangi ya kucha.

## Kipande cha godoro

Dada yangu anaishi Arusha, Sakina. Nilipokwenda kumsalimia tulishuka mjini, na karibu na Mnara wa Saa nikamkuta kijana anachora picha za Tingatinga za kuuzia watalii. Historia ya picha hizo haina haja ya kurudiwa hapa, jinsi Edward Saidi Tingatinga alivyoanza Dar es Salaam mwishoni mwa miaka ya 1960 akitumia rangi za mafuta za madukani. Kilichonishika mimi si tembo wala twiga. Ni mbingu nyuma yao. Njano chini, machungwa, nyekundu, kisha giza juu, na huoni pa kukatia.

Mkononi alikuwa na kipande cha godoro.

Godoro kabisa, sponji ya njano iliyochakaa, imekatwa ikatosha kushikwa kwa vidole vitatu. Alikuwa anaigongagonga pale njano inapokutana na machungwa, anarudi juu, anarudi chini, anaizungusha. Nikasimama muda mrefu mpaka dada akaanza kunivuta mkono. Nikamuuliza kijana kama brashi haitoshi. Akasema brashi inaacha nyayo, godoro linazifuta.

Nilirudi Moshi na wazo moja: nimekuwa nikipaka vibaya, kumbe inabidi kurudiarudia rangi ikiwa mbichi kama yeye. Nikakata godoro. Matokeo yake yalikuwa viputo vikubwa kama ukucha umeungua, maana vitundu vya godoro ni vikubwa mno kwa eneo dogo hivyo. Nikarudi kwenye sponji ya poda, nikajaribu kuzungusha na kurudia kama kijana wa Arusha. Rangi ikavutika, ikajikunja, ikatoka vipande.

Sababu iko ndani ya chupa. Rangi yake ni ya mafuta, inabaki mbichi kwa saa nyingi, kwa hiyo ana muda wa kwenda na kurudi. Rangi ya kucha ya kawaida ni nitroselulosi iliyoyeyushwa kwenye vimiminika vinavyoruka haraka, hasa ethili asetati na butili asetati. Ile harufu inayojaa chumbani ndiyo hivyo vimiminika vikiondoka. Vikishaondoka, rangi imekauka, basi, hakuna jingine lililotokea. Kwa mbio hizo, ukigusa mara ya tatu palepale, ile ya kwanza imeshaanza kuwa ngozi na sponji yako inaibandua.

(Ukoo wake nao unavutia. Nitroselulosi ndiyo iliyokuwa kwenye rangi za magari za miaka ya 1920, na kabla ya hapo ilikuwa baruti. Inashika moto haraka, na asetoni ya kwenye rimuva ndiyo usiseme. Mnaopaka kucha usiku umeme umekatika, mshumaa uko mezani na jiko la mkaa liko mlangoni, acheni.)

Kwa hiyo kwa kijana wa Mnara wa Saa nimechukua kifaa, siyo mwendo. Yeye anachanganya. Mimi nagusa na kuacha.

Na hapo wasiwasi mpya ukaingia: kama sichanganyi, ile rangi ya katikati inatoka wapi?

## Anayechanganya ni nani

Chukua ukucha wenye ombre ambao haujapakwa topkoti, uuweke karibu na jicho, chini ya mwanga wa dirishani. Utaona vitone vya machungwa kamili na vitone vya nyekundu kamili. Kuelekea mzizini machungwa ni mengi na nyekundu ni michache. Kuelekea ncha ni kinyume chake. Rangi ya tatu ni chache mno. Sasa nyosha mkono. Vitone vinapotea, na katikati panatokea rangi ambayo hukuipaka.

Mfaransa Georges Seurat alijenga uchoraji mzima juu ya jambo hilo. Kati ya 1884 na 1886 alichora turubai yenye upana wa takriban mita tatu, watu wakipumzika kando ya mto Seine, na akaijaza vitone vya rangi vilivyokaa kimoja kando ya kingine. Ukisimama karibu unaona vitone, ukirudi nyuma unaona majani na vivuli. Yeye alihitaji mtazamaji arudi hatua kadhaa. Ukucha hauhitaji hata hatua, unahitaji urefu wa mkono.

Ndiyo maana mzee hakuona mpaka katikati. Mimi niliuona kila siku kwa sababu mimi hupaka nikiwa nimeinama, pua karibu na kidole.

Topkoti inamalizia. Ndani yake mna vimiminika vilevile vinavyoyeyusha, kwa hiyo ikitua juu ya tabaka zilizokauka inalainisha kidogo uso wake, vile vitone vinasogeleana kingo, na chengachenga zote zinajazwa. Ndiyo maana nasema ipakwe nzito, ikielea juu ya rangi, brashi isikandamize. Ukikandamiza unaburuta nyekundu hadi kwenye njano na jioni yako imeisha.

Baada ya kuelewa hivyo niliacha kuhangaika na katikati. Tabaka tatu, topkoti, nimemaliza. Sikutegemea ingekuwa rahisi namna hiyo kuliacha jambo lililokuwa linanila jioni zangu.

Ilibaki kalamu ya mzee.

## "Si upake jeli?"

Kila niliyemweleza alinijibu hivyo. Binti wa dada, wateja, fundi wa saluni ya mtaa wa pili ambaye ninampenda sana na ambaye huuza jeli.

Na hoja yao ina nguvu. Jeli haikauki mpaka uiwekee taa. Unaweza kuchanganya kwa brashi, taratibu, kama kijana yule na mbingu zake, na ukiridhika ndipo unaingiza mkono kwenye taa. Ombre ya jeli inatoka laini kuliko ya sponji, nisiwadanganye. Taa ndogo za kuchomeka kwenye pawabanki zipo, hivyo hata umeme ukikatika unamaliza.

Nilizitazama hizo taa wiki hadi wiki. Nilifika dukani nikaishika moja, nikairudisha.

Kilichonizuia ni kusoma. Jeli imejengwa na kemikali za jamii ya akrileti, na ikiwa bado mbichi, ikigusa ngozi mara kwa mara, inaweza kumpa mtu mzio ambao hautoki tena. Mwaka 2018 chama cha madaktari wa ngozi wa Uingereza kilitoa tahadhari kuhusu mizio hiyo, kikazitaja wazi seti za kujipakia nyumbani, kwa sababu nyumbani ndiko watu wanakomwaga jeli kwenye ngozi na kutumia taa isiyolingana na jeli yake, juu inakuwa ngumu huku chini bado mbichi. Na mzio wa akrileti hauishii kwenye kucha. Kemikali za ukoo huo ziko kwenye kujazia meno na kwenye saruji ya kushikizia viungo bandia vya mifupa. Tangu Septemba 2025 Umoja wa Ulaya umepiga marufuku pia TPO, moja ya kemikali zilizokuwa zikitumika kuifanya jeli igande kwenye mwanga. Kwetu chupa nyingi zinafika bila maelezo yanayosomeka, na mimi sina namna ya kujua ndani mna nini.

Fundi mzuri wa saluni anajua kutogusisha ngozi. Kwake ningekwenda bila hofu. Mimi peke yangu mezani, kwa mkono wa kushoto nikipaka wa kulia? Hapana.

Halafu kuna jambo lililonichekesha mwenyewe nilipoligundua. Jeli isingejibu swali la mzee kabisa. Ingelizidisha. Kucha za mkononi hukua takriban milimita tatu kwa mwezi. Rangi ya kawaida inabanduka kabla pengo halijaonekana sana. Jeli inakaa wiki mbili, tatu, na wakati huo ncha bado inang'aa huku mzizini umeshaota utepe mtupu, na ule mpaka alioutaja mzee umekuwa barabara.

## "Rangi ya ngozi", ya ngozi ipi

Kama tatizo ni rangi kukutana na ngozi, jibu lilionekana jepesi: ombre ianzie na rangi ya ngozi yenyewe. Nikaenda kwenye maduka ya Double Road kutafuta.

Zipo. Zimeandikwa majina ya kila aina ya utamu, na zote ni waridi iliyopauka au maziwa yenye chai kidogo. Kwenye chupa zinapendeza. Kwenye kidole changu ilikaa kama plasta ya kidonda. Muuzaji akanihakikishia kwamba hiyo ndiyo rangi ya ngozi, na nikamwonyesha ngozi.

Alicheka, akasema kweli dada, ila ndivyo zinavyokuja.

Kuna mwanakemia Mfaransa, Michel Eugène Chevreul, aliyekuwa msimamizi wa utiaji rangi kwenye karakana ya mazulia ya ukutani ya Gobelins, Paris. Mafundi walilalamika kwamba nyuzi zao nyeusi zinaonekana hafifu. Akachunguza rangi, akakuta nyeusi haina kosa; kosa lilikuwa majirani zake. Rangi zikikaa kando kwa kando, kila moja inabadilisha namna jicho linavyoiona nyingine. Aliyachapisha hayo mwaka 1839, na hakuna siku niliyoyaona wazi kama nilipoweka ile waridi ya chupa kando ya kidole cha kahawia. Waridi ikazidi kupauka, kidole kikazidi kuiva. Mpaka ukawa mkali kuliko hata wa machungwa.

Machungwa angalau hayakudai kuwa ngozi yangu.

Sasa uangalie mkono wako kwa makini. Ngozi ya juu ya kiungo cha kidole ina giza. Ya pembeni ya ukucha ina giza pungufu. Ukucha wenyewe, bila rangi, una wekundu wa kahawia, na kwenye kidole gumba kuna kile kimwezi cheupe. Rangi ya ngozi yako siyo moja. Ipi uifuate? Nilijaribu kuifuata ya kwenye kiungo, kucha zikaonekana chafu. Nilijaribu ya kiganja, nikarudi kwenye plasta. Iliyokubali ni ya ile kunjo ya ngozi inayozunguka ukucha, na ipunguzwe giza kidogo, kwa sababu topkoti inaongeza kina.

Namna ya kupima niliipata kwa bahati. Paka rangi kwenye kipande cha selotepu, iache ikauke, kata kiutepe, bandika kando ya ukucha, toka nje. Ikipotea, ndiyo hiyo.

## Tope lenye faida

Hakuna chupa iliyopotea. Ikabidi nichanganye.

Na hapa nikakutana na rangi ambayo watu wa ombre tunaikimbia. Tunaambiana kila siku: usiweke nyekundu kando ya kijani, usiweke machungwa kando ya bluu, katikati patatokea tope. Rangi zinazokabiliana zikikutana zinauana na kutoa kahawia. Kwa hiyo kahawia ni alama ya kazi iliyoharibika.

Sasa nilikuwa nalitafuta hilohilo tope, kwa makusudi, tone kwa tone.

Nilitumia kifuniko cha kopo na vijiti vya meno. Nyekundu na njano kwanza, mpaka upate machungwa yaliyoiva. Halafu bluu, na bluu haiwekwi kwa tone, inawekwa kwa ncha ya kijiti, kwa kuwa ina nguvu kuliko wenzake wote na ikizidi umepata rangi ya tairi. Jambo lililonichukua muda kulikubali ni nyeupe. Kahawia ikiwa na giza sana mkono unakimbilia nyeupe, na nyeupe inaipausha inakuwa majivu, ile rangi ya mguu usiopakwa mafuta. Ongeza njano badala yake. Ngozi zetu zina njano na wekundu ndani yake, na ukizitoa hizo unabaki na kitu cha kijivu ambacho hakuna aliyezaliwa nacho.

Ukitazama maandishi ya nyuma ya chupa nyingi za rangi ya kucha na za fandesheni utakuta oksidi za chuma. Ndizo zinazotoa nyekundu, njano na kahawia tulivu. Ndizo pia zilizoupaka udongo wa huku kwetu, ule unaoganda kwenye viatu ukitoka Mbokomu mvua imenyesha. Nilipogundua hilo nililiona kichekesho kwamba rangi niliyokuwa naitafuta dukani, kitu kinachoitengeneza kiko mlangoni kwangu. Lakini tusipake udongo, jamani.

Mchanganyiko niliuhifadhi kwenye chupa tupu niliyoisafisha kwa rimuva na kuiacha wazi mpaka harufu ikaisha kabisa. Asetoni ikibaki humo inaharibu rangi mpya. Ile gololi ndogo ya chuma nayo nikairudisha, maana rangi zikiachana baada ya siku chache, ndiyo inayozikoroga ukitikisa chupa.

Kisha sponji. Kahawia yangu mzizini, damu ya mzee kwenye ncha. Bila nyeupe chini safari hii, maana kahawia inafunika vizuri na nyeupe ingechungulia pembeni.

Nilinyosha mkono.

Ukucha ulianza bila kuanza. Sijui niseme vipi vizuri zaidi. Hapakuwa na pale ambapo rangi inasema mimi ndiyo huyu nimefika. Kidole kilikuwa kidole, kikawa chekundu njiani, kikaishia kuwa divai. Na wiki iliyofuata, kucha zilipokua kidogo, pengo halikuonekana mpaka niliangalie mimi mwenyewe kwa nia mbaya.

## Jirani yangu hakushtuka

Nilimwonyesha jirani, mama mmoja anayeuza vitambaa, mtu wa swala tano. Akaushika mkono wangu, akaugeuza.

"Mama, hii kazi yote ni ya nini? Mzizini si ungeuacha mtupu?"

Yeye hapaki rangi, kwa sababu rangi inazuia maji ya udhu kufika kwenye ukucha. Anaweka hina. Hina haikai juu kama tabaka, inaingia ndani ya ukucha wenyewe na kuupaka. Na akanionyesha vidole vyake: ncha zimeiva karibu na kahawia kwa kurudiwa mara nyingi, katikati machungwa, na mzizini ukucha mpya umeota na rangi yake ya kuzaliwa. Ombre hiyo, na hakuna sponji iliyohusika. (Alinionya tu kuhusu piko. Nyeusi ile ina kemikali ambazo zimewaunguza watu, na yeye ameacha kuitumia hata kwenye harusi.)

Swali lake lilinirudisha nyuma kuliko la mzee. Kwa nini nipake kahawia juu ya kahawia? Nilijaribu ushauri wake: beskoti isiyo na rangi ukucha mzima, kisha sponji ianzie katikati tu, ikipungua shinikizo kadiri inavyoshuka mzizini. Inachukua robo ya muda. Ukucha ukikua huonekani umepitwa hata kidogo. Kwenye kucha fupi, za mtu anayehesabu noti na kufua mashuka, inatosha kabisa, na wiki zenye kazi nyingi ndiyo ninayofanya.

Lakini siyo kitu kilekile. Ukucha mtupu una wekundu wake na kimwezi chake, na vinajulikana kwamba ni ukucha. Rangi inaonekana imeanza katikati ya kitu kingine. Kahawia yangu inaufuta ukucha kwanza, halafu ndipo inaanza safari. Kwa hiyo kwa sherehe, kwa kipaimara cha mtoto wa dada mwezi ujao, natumia chupa yangu. Jirani anaona nina muda mwingi wa kuchezea. Hajakosea sana.

## Chupa ya Sakina

Dada sasa anaitaka hiyo kahawia. Nimemwambia ya kwangu haitamfaa, yeye ni maji ya kunde na mimi nimeiva zaidi, aniache nimwelekeze achanganye yake. Ya kwangu ni matone sita ya nyekundu, matano ya njano ile ya kiini cha yai siyo ya limau, na ncha ya kijiti ya bluu mara mbili. Yeye aanze na nyekundu tano, njano saba, bluu ncha moja, apime kwa selotepu nje mchana kabla ya kuongeza chochote.

Arusha kukiwa baridi kama Julai rangi inakuwa nzito na inachelewa kukauka, kwa hiyo aiweke chupa kwenye bakuli la maji ya uvuguvugu dakika chache, mbali na jiko, na asubiri kati ya tabaka muda mrefu kuliko mimi niliye huku kwenye joto. Akikuta imeganda anunue kiyeyusho cha rangi ya kucha, asitie rimuva.

Jana usiku kanitumia sauti kuuliza kama ncha inaweza kuwa ya kijani. Inaweza. Ila kahawia hiyo ina nyekundu ndani, ikigusana na kijani moja kwa moja tope litamtokea katikati ya ukucha. Aweke dhahabu kati yao, mstari wa tatu kwenye sponji, na kijani kianzie juu ya dhahabu tu.